Disko lilikwisha, mlio ukabaki masikioni

Vijana wa Uingereza waliokesha wakicheza muziki na michezo ya video miaka ya 1990 sasa ni watu wazima wanaotamani siku zile zirudi. Madaktari wanasema hamu hiyo yaweza kuwa dawa, lakini mwili nao una kumbukumbu zake.

NI saa tano za usiku katika nyumba moja mjini Manchester, Uingereza. Watoto wamelala. Baba mwenye umri wa miaka 52 anatoa sandukuni mashine ya michezo ya video aliyoinunua akiwa kijana, anaiunganisha na televisheni na kuketi sakafuni kama alivyozoea zamani. Kwa saa nzima anaendesha chombo kinachopaa kwa kasi juu ya barabara ya angani, huku muziki aliousikia katika vilabu vya usiku mwaka 1995 ukidunda chumbani. Anatabasamu peke yake. Kisha anaizima.

Nyumba inanyamaza, lakini masikio yake hayanyamazi. Kuna mlio mwembamba usiokatika, kama wa nyenje usiku wa manane. Anaitazama mashine. Imezimwa. Mlio hautoki humo. Unatoka kichwani mwake mwenyewe, na amekuwa akiishi nao kwa miaka mingi.

Baba huyu hatumpi jina kwa kuwa ni mfano tu wa watu wengi. Ni kizazi kilichokuwa kijana wakati michezo ya video ilipotoka mikononi mwa watoto na kuingia katika vilabu vya usiku, na wakati makumi ya maelfu ya vijana walipokesha katika mabohari na mashamba wakicheza muziki hadi jua kuchomoza. Leo kizazi hicho kinanunua tena mashine zile na kurudi kucheza nyimbo zile. Je, hamu hiyo ya mambo ya kale ni nzuri kwa afya? Na je, ni deni gani ambalo mwili wa mtu wa miaka 52 bado unalilipa?

HAMU ILIYOITWA UGONJWA

Kwa muda mrefu kutamani yaliyopita kulihesabiwa kuwa maradhi. Mwaka 1688, Johannes Hofer, mwanafunzi wa udaktari mjini Basel, Uswisi, aliandika juu ya Waswisi waliokwenda kuishi ugenini, wakashikwa na huzuni, wakakosa usingizi na kukataa chakula. Aliunganisha maneno mawili ya Kigiriki, la kurudi nyumbani na la maumivu, akapata jina la ugonjwa huo: nostaljia. Dawa aliyoona inafaa zaidi ilikuwa moja tu. Mgonjwa arudishwe kwao.

Tatizo ni kwamba anayetamani mwaka 1992 hana gari la kumrudisha huko. Ndiyo maana wataalamu wa saikolojia walirudi kulichunguza jambo hili upya. Mwaka 2006 watafiti wa Chuo Kikuu cha Southampton nchini Uingereza walieleza kwamba upweke ni mojawapo ya mambo yanayoamsha hamu ya kale, na kwamba mtu anapokumbuka siku hizo hujiona yuko karibu zaidi na watu wanaompenda. Hamu hiyo, walisema, ni kama kinga ambayo akili hujitengenezea.

Jambo la kutazama hapa ni kwamba watu wengi hawakumbuki vitu. Wanakumbuka watu. Mtu anaposema anaitamani mashine yake ya Nintendo, mara nyingi anamtamani ndugu aliyekuwa akigombania naye zamu. Anaposema anatamani disko la zamani, anawatamani rafiki waliopanda naye gari moja usiku ule.

Lakini dawa hii nayo ina kipimo. Utafiti uliochapishwa mwaka 2012 ulionyesha kwamba kwa watu waliozoea kuwa na wasiwasi kila siku, kukumbuka yaliyopita kwaweza kuwazidishia huzuni, kwa sababu hulinganisha raha ya zamani na shida ya sasa. Ukiona kumbukumbu zinakuacha na uchungu kila mara badala ya tabasamu, huo ni wakati wa kuzungumza na mshauri au daktari.

MWAKA WA PAC-MAN NA MAKONDE YA USIKU

Ili kuelewa deni la mwili, yafaa kujua kilichotokea usiku ule.

Muziki wenyewe ulitoka Marekani. Ule ulioitwa haus ulikulia katika vilabu vya Chicago, na tekno ukatoka Detroit, yote miwili ikiundwa zaidi na vijana weusi waliotumia mashine za ngoma za umeme. Katika majira ya joto ya mwaka 1987, madijei kadhaa wa London walikwenda kisiwa cha Ibiza, Uhispania, wakarudi na mtindo mpya wa kukesha. Mwishoni mwa mwaka huo mmoja wao alifungua klabu ya Shoom ndani ya ukumbi wa mazoezi ya viungo kusini mwa London. Huko Manchester, klabu ya Haçienda iliyofunguliwa mwaka 1982 ikawa makao makuu ya kaskazini.

Vilabu vikajaa, na karamu zikahamia mafichoni. Mwaka 1988 na 1989 vijana walikesha katika mabohari matupu na mashamba yaliyo karibu na M25, barabara kuu inayoizunguka London. Mahali pa karamu hapakutangazwa. Mtu alipewa nambari ya simu, akapiga usiku huohuo kutoka kwenye kibanda cha simu cha barabarani, akasikia sauti iliyorekodiwa ikimwelekeza. Misururu ya magari ilifuatana gizani, polisi nyuma yake.

Serikali haikukaa kimya. Mwaka 1990 faini ya kuandaa karamu bila kibali ilipandishwa kutoka pauni 2,000 hadi 20,000. Mwezi Mei 1992, zaidi ya watu 20,000 walikusanyika katika mbuga ya Castlemorton, magharibi ya Uingereza, wakacheza karibu juma zima. Tukio hilo ndilo lililochochea sheria ya mwaka 1994 iliyowapa polisi uwezo wa kuvunja mikusanyiko ya muziki ya watu 100 au zaidi nje usiku, na ikaueleza hata muziki wenyewe kuwa ni ule wenye midundo inayojirudiarudia.

Wakati huohuo michezo ya video ilikuwa ikizungumza lugha moja na muziki huo. Mtunzi Mjapani Yuzo Koshiro alitia mahadhi ya haus na tekno katika mchezo wa Streets of Rage uliotoka mwaka 1991. Mwaka 1992 santuri iliyotengenezwa kwa milio ya Pac-Man ilitolewa na Richard D. James, anayejulikana zaidi kama Aphex Twin, na wimbo wa dansi uliotokana na mchezo wa Tetris ukapanda hadi nafasi ya sita katika orodha ya nyimbo zinazouzwa zaidi nchini Uingereza.

Ndoa yenyewe ilifungwa Septemba 1995, Sony ilipoanza kuuza PlayStation barani Ulaya. Mojawapo ya michezo ya kwanza ilikuwa WipEout, uliotengenezwa na kampuni ya Psygnosis ya Liverpool. Ndani yake mlikuwa na nyimbo za Orbital, Leftfield na The Chemical Brothers, na michoro yake ilibuniwa na The Designers Republic wa Sheffield, waliokuwa wakichora majalada ya santuri za muziki huohuo. Sony ilipeleka mashine zake ndani ya vilabu vya usiku, ili kijana anayepumzika baada ya kucheza muziki apate kucheza mchezo. Alfajiri alirudi nyumbani na rafiki zake, wakawasha mashine na kuendelea, kwa kuwa usingizi ulikataa kuja.

Huo ndio usiku ambao baba wa Manchester anautamani. Sasa tutazame upande wa pili.

KILICHOTOKEA NDANI YA SIKIO

Ndani kabisa ya sikio mna kijumba chenye umbo la konokono, na ndani yake seli ndogo zenye vinyweleo, zipatazo 15,000 hivi katika kila sikio. Sauti inapoingia, vinyweleo hivyo huinama na kuinuka kama mpunga kwenye upepo, na mwendo huo hugeuzwa kuwa ujumbe unaopelekwa kwenye ubongo. Sauti ikiwa kubwa mno, mpunga hulala chini. Ikiwa ni mara moja, waweza kuinuka tena. Ikiwa ni kila Jumamosi kwa miaka mitano, hauinuki. Na seli hizo zikifa hazioti tena. Ngozi hujiponya na mfupa huunga, lakini sikio la ndani la binadamu haliunguki.

Nguvu ya sauti hupimwa kwa desibeli. Mazungumzo ya kawaida huwa karibu 60. Wataalamu wa afya kazini nchini Marekani wanashauri mtu asikae kwenye sauti ya desibeli 85 zaidi ya saa nane kwa siku. Kinachowatatiza watu wengi ni kwamba kipimo hiki hakipandi kama shilingi na senti. Kila desibeli tatu zinapoongezeka, nguvu ya sauti huwa maradufu, na muda wa usalama hupungua kwa nusu. Kwa desibeli 88 ni saa nne. Kwa 91 ni saa mbili, 94 saa moja, 97 nusu saa. Ikifika 100, sauti ya kawaida sana katika klabu ya usiku, muda uliosalia ni dakika 15.

Basi fanya hesabu. Kijana aliyecheza kwa saa sita kwenye desibeli 100 alipokea usiku mmoja dozi ya kelele ya siku 24 za kazi. Na wengine walisimama mbele kabisa ya spika, kwa kuwa huko ndiko mdundo ulikosikika kifuani.

Asubuhi masikio yalikuwa yameziba kana kwamba yametiwa pamba, na mlio ukivuma ndani. Ifikapo Jumatatu au Jumanne yalifunguka, na kijana akajiambia amepona. Hapo ndipo alipokosea. Mwaka 2009 watafiti Sharon Kujawa na Charles Liberman wa Boston, Marekani, waliwaweka panya kwenye kelele ya desibeli 100 kwa saa mbili. Baada ya siku kadhaa panya hao walipopimwa walionekana kusikia kama kawaida. Lakini masikio yao yalipochunguzwa kwa darubini, karibu nusu ya viungo vinavyounganisha seli za kusikia na neva, katika sehemu iliyoumia zaidi, vilikuwa vimetoweka.

Kwa binadamu uchunguzi bado unaendelea, lakini wataalamu wengi wanaona huenda hii ndiyo sababu mtu hupimwa masikio katika chumba kimya akaambiwa yu mzima, ilhali akiwa hotelini penye watu wengi hawezi kufuata maneno ya mwenzake.

Si jambo la watu wachache. Uchunguzi wa vijana wa Uingereza uliochapishwa mwaka 2000 ulionyesha kwamba idadi ya waliokuwa wakijiweka katika kelele kubwa ya starehe ilikuwa imefika karibu mara tatu ya ile ya mwanzoni mwa miaka ya 1980. Vijana hao ndio wenye miaka 50 leo.

Mlio usiokoma masikioni madaktari huuita tinitasi. Hadi sasa hakuna tembe ya kuuponya. Hata hivyo, si kweli kwamba hakuna la kufanya. Vifaa vya kusaidia kusikia huupunguza kwa wengine, sauti laini chumbani wakati wa kulala husaidia, na ushauri wa kisaikolojia humfundisha mtu kuuzoea mpaka usimwibie usingizi.

TAA, JOTO NA MAJI

Masikio hayakuwa peke yake hatarini. Taa za kumwekamweka, zilizokuwa pambo la kila disko, zaweza kumwangusha mwenye kifafa cha aina fulani. Ni takriban watu watatu tu kati ya kila 100 wenye kifafa wanaoathiriwa na mwanga, wengi wao wakiwa watoto na vijana. Kwao, mwanga unaowaka na kuzimika kati ya mara tatu na mara 30 kwa sekunde ni hatari. Ndiyo sababu mamlaka ya usalama kazini ya Uingereza ilishauri taa za kumbi zisimweke zaidi ya mara nne kwa sekunde.

Michezo ya video na televisheni ina hatari hiyohiyo. Tarehe 16 Desemba 1997, watoto wapatao 685 nchini Japani walipelekwa hospitalini baada ya kutazama kipindi kimoja cha katuni za Pokémon ambamo mwanga mwekundu na wa buluu ulipokezana kwa kasi. Wengi walipata nafuu upesi, lakini tukio hilo lilibadili kanuni za utangazaji. Onyo unalolisoma mwanzoni mwa michezo ya video halikuwekwa kwa mapambo.

Kisha kulikuwa na dawa za kulevya, hasa ile iitwayo ekstasi. Si siri kwamba ilienea sana katika karamu hizo, na si haki kuzisifu siku zile bila kuitaja. Dawa hiyo hupandisha joto la mwili na kumfanya mtu asihisi uchovu. Ndani ya ukumbi uliojaa na usio na hewa, akicheza saa nyingi bila kupumzika, mwili huchemka mpaka viungo vya ndani vinaharibika. Wengine, kwa kuogopa hilo, walikunywa maji kupita kiasi. Dawa hiyohiyo huuzuia mwili kutoa maji, damu ikapungukiwa na chumvi, ubongo ukavimba. Msichana mmoja wa miaka 18 alikufa hivyo nchini Uingereza mwaka 1995, na kifo chake kikatikisa taifa zima.

Mji wa Manchester ulikuwa miongoni mwa ya kwanza kuwataka wenye vilabu waweke maji ya bure, hewa ya kutosha na vyumba vya kupumzikia, baada ya malalamiko kwamba baadhi yao walikuwa wakifunga mifereji ili wauze maji ya chupa. Tangu mwaka 2010, sheria ya Uingereza na Wales inawalazimu wenye baa na vilabu kumpa mteja maji ya kunywa bure akiyaomba. Mabomba yale ya maji ni ushindi wa afya ambao watu wachache huukumbuka.

KIDOLE GUMBA CHA NINTENDO

Michezo ya video nayo ilikuwa na maradhi yake. Mwaka 1981 jarida la madaktari la New England Journal of Medicine lilichapisha barua kuhusu maumivu ya kifundo cha mkono kwa wachezaji wa Space Invaders. Mwaka 1990 daktari mmoja wa Marekani aliliandikia jarida hilo juu ya mwanamke wa miaka 35 aliyecheza mchezo wa Nintendo. Alicheza saa tano mfululizo. Kesho yake kidole gumba chake cha kulia kilimuuma vibaya mno. Daktari alikuta kano za kidole zimevimba, akaupa ugonjwa huo jina la mzaha kutokana na jina la mashine.

Msomaji usicheke upesi. Simu uliyoishika sasa huendeshwa kwa kidole hichohicho. Dawa yake haijabadilika: kupumzika kila baada ya nusu saa au saa moja, kunyoosha vidole na mabega, na kuacha mara uchungu unapoanza.

Lakini mchezo wa zamani pia umewahi kuingia hospitalini kama dawa. Emily Holmes na wenzake wa Oxford walionyesha mwaka 2009 kwamba watu waliotazama filamu ya kutisha, kisha wakacheza Tetris baada ya nusu saa, walisumbuliwa kidogo zaidi na picha za filamu hiyo zilizowarudia akilini. Mwaka 2017 wakatoa matokeo ya watu 71 walioletwa hospitalini baada ya ajali za barabarani. Wale waliocheza Tetris ndani ya saa sita, baada ya kutakiwa kuikumbuka ajali, walipata picha za kutisha pungufu kwa asilimia 62 katika juma la kwanza. Inadhaniwa kwamba kupanga vile vipande akilini hushughulisha sehemu ileile inayotaka kuihifadhi picha ya ajali.

Kwa upande mwingine, Shirika la Afya Duniani, WHO, liliingiza uraibu wa michezo ya video katika orodha yake ya magonjwa iliyopitishwa mwaka 2019. Si kila anayecheza sana ni mgonjwa. Ni yule aliyeshindwa kujizuia, anayeuweka mchezo mbele ya kazi, chakula na jamaa, na kuendelea hata anapoona madhara, kwa kawaida kwa muda wa mwaka mzima au zaidi.

WANARUDI UKUMBINI

Haçienda ilifungwa mwaka 1997, jengo likabomolewa na mahali pake pakajengwa nyumba za kukaa zenye jina lilelile. Lakini kiu haikwisha. Tangu mwaka 2016 nyimbo za klabu hiyo zimekuwa zikipigwa na okestra kamili mbele ya watu wenye mvi. Mwaka huohuo Nintendo ilitoa upya mashine yake ya zamani katika umbo dogo, na madukani ikagombaniwa. Mjini Sheffield kuna jumba la makumbusho la michezo ya video, ambapo mzazi humwonyesha mtoto mchezo uliomkosesha usingizi.

Jambo jipya zaidi ni disko la mchana. Karamu ziitwazo Day Fever, zilizoanza mwaka 2023, huanza alasiri na kumalizika jioni mapema. Watu wa makamo hucheza nyimbo za ujana wao, kisha wakapanda basi na kulala katika vitanda vyao kabla ya saa nne. Kwa upande wa afya hili ni jambo jema. Kucheza dansi ni mazoezi ya moyo, usingizi haupotei, na mtu hukutana na watu.

Ila spika ni zilezile. Mwaka 2022 WHO ilitoa kiwango cha usalama kwa kumbi za muziki: wastani wa sauti usizidi desibeli 100 katika kila dakika 15, wahudhuriaji wapewe vizibo vya masikio, na kuwe na sehemu tulivu ya kupumzikia. Shirika hilo linasema zaidi ya vijana bilioni moja duniani wamo hatarini kupoteza uwezo wa kusikia kwa sababu ya starehe zenye sauti kubwa. Ripoti iliyochapishwa mwaka 2024 iliongeza kwamba katika vituo vya kuchezea michezo ya video sauti hufika wastani wa desibeli 80 hadi 89.

NA SISI JE?

Mkazi wa Nairobi au Mombasa huenda hakufika Castlemorton, lakini hahitaji kwenda mbali kuipata sauti ile. Kanuni za kuzuia kelele na mitetemo zilitangazwa nchini mwaka 2009 na usimamizi wake ukapewa NEMA, lakini dereva na makanga wa matatu yenye muziki mkubwa bado huketi na spika mgongoni tangu alfajiri hadi usiku. Abiria hushuka baada ya nusu saa. Wao hawashuki.

Madaktari wa masikio wanashauri haya:

• Tumia vizibo vya masikio vinavyouzwa katika maduka ya dawa. Pamba ya kawaida haitoshi. Kizibo kinachopunguza desibeli 15 huishusha sauti ya 100 hadi 85, na muda wa usalama hupanda kutoka dakika 15 hadi saa nane.

• Simama mbali na spika, na kila baada ya muda toka nje masikio yapumzike.

• Ikikubidi kupaza sauti ili mtu aliye umbali wa mkono akusikie, sauti ya mahali hapo imezidi.

• Ukisikiliza muziki au kucheza mchezo kwa visikizi, usipite asilimia 60 ya uwezo wa simu.

• Ukiamka siku moja sikio halisikii kabisa, usingoje lifunguke. Hiyo ni dharura. Matibabu yakianza ndani ya siku chache huenda likaokolewa.

• Mlio ukidumu zaidi ya juma moja, au ukiwa katika sikio moja tu, mwone daktari wa masikio, pua na koo.

• Ukifika miaka 50, pima masikio kama unavyopima shinikizo la damu.

Shauri hili la mwisho lina uzito kuliko linavyoonekana. Asiyesikia vizuri huchoka kuuliza mara ya pili na ya tatu. Huanza kucheka watu wakicheka bila kujua kilichosemwa. Kisha huacha kwenda harusini, huacha kupokea simu, hubaki nyumbani. Jopo la wataalamu wa jarida la Lancet, tangu mwaka 2017, limekuwa likiutaja upungufu wa kusikia kuwa miongoni mwa mambo yanayoongeza hatari ya ugonjwa wa kusahau uzeeni, na ambayo yaweza kurekebishwa.

Hapo ndipo hasara ilipo. Baba wa Manchester hakuitamani mashine, aliwatamani rafiki zake. Baadhi yao bado wako hai, katika mji huohuo. Akiwapigia simu Jumamosi wakutane mahali penye muziki wao wa zamani, atawahitaji masikio hayo ili asikie wanasema nini.

Wahenga walisema sikio la kufa halisikii dawa. Lako bado li hai. Cheza muziki wako, cheza mchezo wako, ukumbuke uliokuwa nao. Ila punguza sauti.